Duka Kwanza, Kamera Baadaye

Mwaka 1997 nilikuwa muuzaji katika duka la muziki Oakland, California. Nilitoka Tanga nikiwa kijana, na biashara ya muziki nilijifunzia pale pale kaunta. Katika miji ile inayoizunguka Ghuba ya San Francisco, marapa hawakukaa kungoja kampuni kubwa. Too $hort wa Oakland na E-40 wa Vallejo walianza kwa kuuza kanda zao wenyewe kwenye buti la gari. Kampuni ziliwafuata baadaye.

Percy Miller, yaani Master P, alikulia New Orleans katika nyumba za serikali za Calliope. Alipohamia upande wetu alifungua duka la muziki mjini Richmond, akaliita No Limit, na jina hilo hilo akaipa lebo yake. Mwaka 1996 alipoingia mkataba wa usambazaji na kampuni ya rekodi ya Priority, haki za rekodi zake zilibaki mikononi mwake. Dukani kwetu mkataba ule ulijadiliwa kuliko nyimbo zake.

Kisha, mwaka ule wa 1997, ikaja filamu yake, I'm Bout It. Ilikuwa hadithi ya mitaa aliyokulia, na ndani yake mlikuwa na mambo ya maisha yake. Ndugu yake Kevin alikuwa ameuawa New Orleans mwaka 1990. Fedha alitoa mwenyewe, na uongozaji akashirikiana na Moon Jones. Kumbi za sinema aliziruka kabisa, filamu ikatoka moja kwa moja kwenye kanda za video.

Hatukuwa na rafu ya filamu. Tulizipanga kanda zile kando ya albamu ya nyimbo za filamu hiyo, na aliyekuja kununua moja aliondoka na zote mbili. Albamu ile ilifika platinamu. Wanunuzi hawakuwa vijana peke yao. Familia nyingi za Weusi wa Richmond na Oakland zilitoka Louisiana wakati wa Vita vya Pili vya Dunia kufanya kazi katika viwanda vya meli, kwa hiyo hata wazee walitaka kuiona New Orleans yao.

Wajuzi wa sinema waliicheka: uigizaji mbichi, picha za haraka haraka. Wateja wetu hawakujali. Mwaka uliofuata filamu yake nyingine, I Got the Hook Up, iliingia kumbini kupitia kampuni ya filamu ya Dimension. Mlango ambao Miller hakuubisha ukamfungukia.

Siku hizi vijana wa muziki wanaotaka kutengeneza filamu huniuliza wanunue kamera gani. Nami huwauliza: wateja wako ni nani, na filamu itawafikiaje? Miller alikuwa na duka, kisha wasikilizaji, ndipo akashika kamera. Anayeanzia kwenye kamera ajiandae kuwapigia magoti wenye maduka.