Mchezaji wa Sehemu Ndogo

Hapa Bunyakiri vijana wetu wakimaliza kutazama sinema hutaja mtu mmoja tu. Yule shujaa asiyekufa ndiye wamwitaye akteri. Wengine wote, hata wakiwa mia, hawana jina. Leo nawapa jina la mmoja wa hao wengine, maana kazi yake yagusa nchi yetu: Orlando Martins.

Alizaliwa Lagos, Nijeria, mwaka 1899. Wakati wa vita ya kwanza ya dunia alifanya kazi katika meli za Waingereza, kisha akakaa London. Huko alibeba mizigo katika soko la samaki, akapigana mieleka mbele ya watu wa kulipa, akashika kila kazi iliyompa chakula. Ndipo akaingia katika sinema. Mwaka 1935 alipewa sehemu ndogo katika Sanders of the River, sinema ya kusifu utawala wa wazungu, ambayo hata Paul Robeson, mwimbaji mkuu wake, aliikana baadaye. Katika kundi la waliovalishwa kama machifu alikuwamo mwanafunzi mmoja Mkikuyu aliyetaka fedha kidogo: Jomo Kenyatta!

Sehemu zilizofuata zilifanana: mtumishi, chifu, mnyapara. Mwaka 1951 alikuwa katika Where No Vultures Fly, iliyopigwa Kenya juu ya kulinda wanyama; mwaka 1955 katika Simba, juu ya Mau Mau. Katika The Nun's Story ya 1959, habari ya sista Mbelgiji muuguzi, sinema ambayo picha zake za Kongo zilipigwa Stanleyville, yaani Kisangani ya leo, yeye ni Kalulu, mtumishi wa masista. Wazee waliotumika katika misioni zamani zile wangemtambua mara moja.

Je, ni aibu? Wako wasemao kwamba alikula mkate wa kuwadharau ndugu zake. Mimi siwezi kuwapinga kabisa, maana sinema zile zilifundisha watu wengi wa Ulaya kwamba Mwafrika ni mtu wa kupokea amri tu. Lakini kabla ya kumhukumu, tutazame The Hasty Heart ya mwaka 1949.

Ni hospitali ya askari, kule Burma. Mskoti mmoja karibu atakufa, naye mwanzoni hajui, wenzake wameambiwa. Ni mtu mkali, hataki rafiki. Wenzake wanamvumilia, wanampa zawadi, naye aanza kulainika. Kisha anajua kwamba atakufa, na moyo wake unafunga tena: kumbe walinihurumia tu! Martins ni Blossom, askari Mwafrika asiyejua Kiingereza, na neno lake ni hilo jina lake tu. Blossom anamletea ushanga. Mskoti anaukataa kwa hasira. Halafu anafahamu: mtu huyu hasikii Kiingereza, hakuweza kuambiwa habari ya kifo. Basi zawadi yake ilikuwa ya urafiki tu. Hapo ukaidi wa mgonjwa unavunjika.

Angalieni, sinema nzima yasimama juu ya mtu asiye na maneno. Ningependa wale wafanyao usafi kanisani kabla ya Misa waione. (Mmoja wa askari wengine katika chumba kile ni Ronald Reagan. Hivyo Martins, asiyejulikana, alifanya kazi na marais wawili wa baadaye, wa Kenya na wa Marekani.)

Uzeeni alirudi Nijeria, naye akaona jambo ambalo wengi wa rika lake hawakuliona: sinema zilizotoka katika maandishi ya Waafrika wenyewe. Mwaka 1970 alikuwamo katika Kongi's Harvest ya Wole Soyinka. Mwaka 1971, akiwa na miaka 71, alikuwamo katika sinema iliyotokana na vitabu vya Chinua Achebe. Humo si boi wala mnyapara. Ni Obierika, rafiki ya Okonkwo, mwenye shamba lake na shauri lake. Alifariki Lagos mwaka 1985.