Kusoma Bila Kuelewa

Yapo maandishi ambayo mtu wa leo aweza kuyasoma kwa sauti, alama kwa alama, asijue yanasema nini. Ndivyo yalivyo maandishi ya Waiberi, waliokaa pwani ya mashariki ya Hispania hadi kusini mwa Ufaransa kabla ya Warumi kuitwaa nchi yao. Walijenga miji, wakapiga sarafu, wakaandika juu ya mawe, vyungu na mabamba ya risasi. Sanamu yao mashuhuri, Bibi wa Elche, ilifukuliwa mwaka 1897. Uso wake twautazama. Lugha yake hatuielewi.

Aliyetufundisha kuzisoma alama hizo ni Manuel Gómez-Moreno, mwanaakiolojia mzaliwa wa Granada. Katika miaka ya 1920 alionyesha kwamba baadhi ya alama husimamia sauti moja, kama herufi zetu, na nyingine husimamia silabi nzima, kama vile ba, ke au ti. Sarafu zilimfaa sana, kwa kuwa zilibeba majina ya miji ambayo Warumi nao waliitaja. Iltirta ya sarafu ni Ilerda ya Warumi, na ndiyo Lleida ya leo.

Sauti zikapatikana, maana haikupatikana. Champollion, alipoyafumbua maandishi ya Misri mwaka 1822, alikuwa na jiwe la Rosetta lenye maneno yaleyale kwa Kigiriki, tena alikijua Kikopti, kizazi cha Kimisri cha kale. Waiberi hawakutuachia jiwe la namna hiyo, na lugha yao haikuacha mtoto. Neno seltar huonekana kwenye mawe ya makaburi, nao wataalamu hukisia kuwa maana yake ni kaburi. Gómez-Moreno aliishi miaka 100, akafariki mwaka 1970, na kisio limebaki kisio.

Habari hii hainipi usingizi mwema. Ninalo daftari la methali za Chasu, lugha ya mama yangu, nilizozikusanya Upareni tangu nikiwa mwanachuo wa ualimu. Mjukuu wangu, mzaliwa wa Dar es Salaam, hulisoma bila kukwama, maana herufi ni zilezile za Kiswahili. Asomapo, mimi namsikia mama akituonya jikoni. Yeye asikia sauti tupu.

Waiberi hawakukosa kalamu. Walichokosa ni mtu wa kuulizwa, na maandishi peke yake hayajibu maswali. Kwa hiyo sasa, mkabala na kila methali, naandika maana yake kwa Kiswahili: nani aliitamka, kwa nani, na jambo gani lilikuwa limetokea siku hiyo. Kazi ni ya polepole, na kurasa ni nyingi. Kila Jumapili mjukuu hunipigia simu, akachagua methali moja na kuniuliza. Namjibu kwa kirefu, maadamu ningali wa kuulizwa.