Fleti ya Milioni 7.5: Barua kwa Mpwa Anayetaka Kukopa Nyumba

Bei ya nyumba na bei ya mkopo wa nyumba ni vitu viwili, na mara nyingi hicho cha pili ndicho kikubwa. Mfano wa barua hii ni fleti ya vyumba vitatu huko Bamburi, Mombasa, inayouzwa shilingi 7,500,000. Mnunuzi anatoa milioni 1.5 zake, na benki inamkopesha milioni 6 zilizobaki kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka, alipe kwa miaka 20. Rejesho lake la kila mwezi ni shilingi 74,611. Miezi 240 ikiisha, benki itakuwa imepokea karibu milioni 17.9. Pamoja na zile 1.5 za mwanzo, fleti imemtoka mnunuzi kwa milioni 19.4, na hapo bado hajahesabiwa wakili, ushuru wala bima.

Tangazo la benki halidanganyi. Asilimia 14 ni asilimia 14 kweli. Linalofichika ni kwamba riba hiyo hutozwa kila mwezi juu ya deni lote lililobaki, na deni lenyewe hupungua kwa mwendo wa kobe. Mkopaji apewe jedwali la marejesho na atazame mstari wa kwanza tu. Riba: 70,000. Kilichopunguza deni: 4,611. Mstari wa pili unasema riba 69,946, deni limepungua kwa 4,665. Yaani mwezi mzima wa kulipa umeiteremsha riba kwa shilingi 54. Baada ya miaka mitano mkopaji amelipa karibu milioni 4.5, na katika hizo ni takriban 397,000 tu zilizokata deni. Bado anadaiwa milioni 5.6. Miaka kumi ikifika, nusu ya safari kwa kalenda, deni ni milioni 4.8. Nusu ya deni humalizika mwezi wa 186, ndani ya mwaka wa kumi na sita.

Ndiyo maana anayenunua kwa mkopo leo na kuuza mwaka wa nne au wa tano kwa sababu ya uhamisho wa kazi hushangaa. Alidhani amekuwa akijiwekea akiba ndani ya kuta. Akiba ipo, lakini ni ile amana yake ya mwanzo, pamoja na bei ikiwa imepanda. Marejesho yenyewe yalikuwa karibu yote ni riba.

Jambo linaloamua gharama kuliko yote ni muda. Watu hubishana na meneja wa benki juu ya nusu asilimia ya riba, kisha wakachagua miaka 25 bila kuuliza swali, kwa kuwa rejesho lilionekana dogo. Milioni 6 hizo hizo kwa asilimia 14, zikilipwa kwa miaka 25, rejesho ni 72,226. Nafuu ni shilingi 2,385 kwa mwezi, na bei ya nafuu hiyo ni karibu milioni 3.8 zaidi mwishoni. Kwa upande mwingine, miaka 15 huleta rejesho la 79,905, ambalo ni nyongeza ya shilingi 5,300 hivi juu ya lile la miaka 20, na jumla hushuka hadi milioni 14.4. Elfu tano na mia tatu kwa mwezi zimeokoa milioni tatu na nusu. Mfanyabiashara yeyote wa soko la Kongowea angeuchangamkia mkataba wa namna hiyo. Miaka kumi ni mzigo mzito, 93,160 kwa mwezi, lakini jumla ni milioni 11.2.

Asiyeweza kujifunga kwa muda mfupi ana njia ya kati. Anachukua miaka 20, kisha analipa zaidi ya anachodaiwa kila anapoweza. Nyongeza ya 10,000 kila mwezi tangu mwanzo humaliza mkopo wa mfano huu katika miezi 152, chini ya miaka 13, na huokoa kama milioni 5.1. Miaka ya mwanzo ndiyo yenye nguvu, maana kila shilingi inayokata deni mapema haitozwi riba tena katika miaka yote iliyobaki. Nyongeza hiyo iandikiwe benki kwamba ni ya kupunguza deni la msingi, isije ikahesabiwa kuwa rejesho la mwezi ujao. Na kabla ya yote, barua ya ofa isomwe: zipo zinazotoza ada kwa anayelipa mapema.

Hesabu zote hizo zimechukulia kwamba riba haitabadilika, na Kenya riba hubadilika. Mikopo mingi ya nyumba nchini ina kipengele kinachoiruhusu benki kupandisha kiwango, na mara nyingi hufuata kiwango elekezi cha Benki Kuu. Kati ya Septemba 2016 na Novemba 2019 sheria iliweka kikomo, benki isipite asilimia 4 juu ya kiwango hicho, kisha kikomo hicho kikaondolewa. Kiwango elekezi kilikuwa asilimia 7 mwanzoni mwa 2022. Februari 2024 kilikuwa asilimia 13. Aliyepiga bajeti yake kwa hesabu za mwaka wa kwanza aliamkia rejesho jingine kabisa mwaka wa tatu.

Katika mkopo wa mfano, riba ikipanda kutoka 14 hadi 17 mapema katika mkopo, rejesho huruka kutoka 74,611 hadi karibu 88,000. Wapo wanaoomba benki iache rejesho lilivyo na kurefusha muda. Hapo kuna mtego ambao wachache huuona. Kwa deni la milioni 6, riba ikivuka asilimia 14.9 hivi, shilingi 74,611 haitoshi hata kulipa riba ya mwezi, na deni linaanza kukua ilhali mtu analipa kila mwezi bila kukosa. Mkopo wa muda mrefu una nafasi ndogo sana ya kustahimili, kwa sababu tangu mwanzo rejesho limekaribia riba tupu. Huu ni ubaya wa pili wa miaka 25, na pengine ni mkubwa kuliko ule wa kwanza.

Nafuu ya kweli ya riba ipo kwa wanaostahili. KMRC, kampuni iliyoundwa mwaka 2018, haikopeshi mtu mmojammoja. Huzipa benki na vyama vya akiba na mikopo (sacco) fedha za bei nafuu na za muda mrefu, nazo humkopesha mnunuzi kwa riba isiyobadilika iliyo chini ya asilimia 10. Kwa asilimia 9, milioni 6 za miaka 20 hurejeshwa kwa 53,984 kwa mwezi, jumla karibu milioni 13. Ni tofauti ya takriban milioni 5 na ule mkopo wa kawaida, kwa nyumba ile ile. Kuna viwango vya juu vya mkopo na masharti mengine, na foleni huwepo; hata hivyo, kwa mwenye mshahara wa kawaida ni kosa kutia sahihi mkopo wa asilimia 14 bila kwanza kuuliza kama benki yake au sacco yake imo katika mpango huo.

Gharama za kuingilia hazina siri, ila husahaulika. Ushuru wa stempu katika maeneo ya mijini ni asilimia 4 ya thamani ya nyumba. Kwa fleti hii ni 300,000 taslimu, nje ya amana. Kusajili rehani ya benki ni asilimia 0.1 ya mkopo, shilingi 6,000. Mnunuzi humlipa wakili wake, kisha, jambo linaloudhi, humlipa na wakili wa benki. Mthamini naye ana bili yake, na benki ina ada ya kuandaa mkopo. Baadaye huja bima mbili: ya jengo, na ya maisha ya mkopaji. Hii ya pili hunung'unikiwa bure. Ndiyo inayolipa deni mwenyewe akifariki, wajane na mayatima wakabaki na paa. Ada ya huduma ya fleti haimo katika jedwali lolote la benki, nayo hulipwa hata baada ya mkopo kwisha, sawa na kodi ya ardhi ya kaunti.

Wenyeji wa Mombasa wana jambo lao la ziada. Mitaa kama Majengo imejaa nyumba zisizo na ardhi: kuta ni za mtu huyu, kiwanja ni cha yule, na kodi ya kiwanja hulipwa kila mwezi. Nyumba hizo hurithiwa na kuuzwa tangu zama za mababu, lakini benki hutaka hatimiliki ya kuweka rehani, na mwenye kuta peke yake hana. Bei yake nafuu haina mkopo wa nyumba nyuma yake.

Serikali hurudisha kidogo. Tangu mwisho wa Desemba 2024, riba ya mkopo wa nyumba anayoishi mkopaji mwenyewe huondolewa katika mapato yanayotozwa kodi hadi shilingi 360,000 kwa mwaka. Kwa anayetozwa asilimia 30 hiyo ni hadi 108,000 kwa mwaka, elfu tisa kwa mwezi. Si haba, ingawa riba ya mwaka wa kwanza katika mfano huu inapita 800,000. Nafuu hii haiji yenyewe kwa kila mtu. Mwajiri apelekewe cheti cha riba kutoka benki.

Haki itendeke kwa upande wa mkopo pia. Ule msemo wa mtaani kwamba benki hukuuzia nyumba moja kwa bei ya mbili na nusu una chumvi. Shilingi ya mwaka wa ishirini si shilingi ya leo. Bei zikipanda kwa asilimia 5 kwa mwaka, rejesho la mwisho la 74,611 litakuwa na uzito wa kama 28,000 za leo, na mshahara huenda umekua. Mwenye kupanga naye halipi kodi ile ile miaka 20. Ulinganisho wa haki ni kati ya riba na kodi ya nyumba. Ikiwa fleti kama hiyo hupangishwa kwa 35,000, basi riba ya 70,000 ya mwezi wa kwanza ni kodi ya mara mbili, inayolipwa kwa benki badala ya mwenye nyumba. Kwa asilimia 14, mpangaji anayeweka ile tofauti kwenye sacco kwa nidhamu huenda akamtangulia mkopaji kwa miaka mingi. Kwa asilimia 9 ushindani unakaribiana. Lakini nidhamu hiyo ni adimu, na mkopo angalau hulazimisha. Anayejijua kwamba fedha haikai mkononi ana sababu nzuri ya kukopa, hata kwa bei mbaya.

Kwa anayejiepusha na riba kwa ajili ya dini, zipo benki za Kiislamu nchini zinazonunua nyumba na kumuuzia mteja kwa bei iliyotajwa, au zinazomiliki naye kwa ubia na kumuuzia hisa zao polepole. Katika murabaha, yaani ule uuzaji wa bei iliyotajwa, bei hujulikana siku ya kwanza na haipandi tena, na hiyo ni faida hata kwa asiyejali fikihi. Ila kujulikana kwa bei hakuifanyi kuwa ndogo: faida ya benki mara nyingi hukaribia riba ya soko. Jumla ya shilingi ilinganishwe kama mkopo mwingine wowote.

Kuhusu kushindwa kulipa, Sheria ya Ardhi ya 2012 imempa mkopaji muda, ingawa si mwingi. Benki hutoa notisi ya angalau miezi mitatu ya kulipa kilichochelewa, kisha notisi ya siku 40 kabla ya kuuza. Inapouza, inawajibika kutafuta bei bora inayowezekana, na nyumba ikienda kwa pungufu ya asilimia 25 au zaidi ya bei ya soko, hudhaniwa kwamba benki imekiuka wajibu huo hadi ithibitishe vinginevyo. Sheria ya Benki nayo, tangu 2007, hairuhusu riba ya mkopo uliokwama kupita deni la msingi lililokuwapo siku ulipokwama. Mkopaji anayekwenda benki mwezi wa kwanza wa shida hupata mazungumzo. Anayezima simu hupata dalali. Tena, nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mke au mume, kwa hiyo hesabu hizi ni za kufanywa na wawili mezani, si na mmoja.

Mpwa asitie sahihi, basi, kabla ya kuwa na karatasi tatu mkononi: jedwali la marejesho la miaka 15, jedwali la miaka 20, na lile la miaka 20 riba ikiwa imepanda kwa asilimia 3. Afisa wa mikopo huzitoa kwa dakika chache akiombwa. Akisitasita, benki nyingine iko ng'ambo ya barabara.

Wasalaam,
Mjomba