Nyuma ya Pazia na Nyuma ya Meza: Msimamizi wa Jukwaa Katika Mji wa Isiolo

Uhakiki wa tamthilia ya Kiswahili umezoea kuanzia na kuishia kitabuni. Tunachambua wahusika, tunapima mgogoro, tunabishana kuhusu dhamira, kisha tunafunga kurasa. Mwandishi ana makao yake ya kudumu katika uhakiki huo; mwelekezi hutajwa mara mojamoja; mwigizaji huachiwa magazeti. Asiyetajwa asilani ni msimamizi wa jukwaa, yule anayesimama pembeni, asionekane na hadhira, akiwa na nakala ya mchezo ambayo pambizoni mwake ameandika kwa penseli ni wakati gani taa ipunguzwe, ngoma ilie, mhusika aingie na kiti kiondolewe. Mchezo ukienda sawa, watazamaji hawajui kwamba yupo. Makala haya yanamhusu mtu mmoja wa aina hiyo, na yanahusu pia Isiolo, mji ambao nimeufikia mara nyingi nikiwa mwamuzi katika tamasha za drama za shule.

Mwanamke ninayemzungumzia, ambaye simtaji jina kwa kuwa hakupenda litajwe, alikuwa msimamizi wa jukwaa katika vikundi vinavyozunguka shuleni vikiigiza vitabu teule. Kazi hiyo ilimpitisha katika Kifo Kisimani cha Kithaka wa Mberia, Mstahiki Meya cha Timothy Arege na Kigogo cha Pauline Kea, kila kimoja kwa zamu yake katika silabasi. Wasomi wengi huvidharau vikundi hivi kwamba ni biashara ya mtihani. Yamkini ni kweli. Hata hivyo, kwa mwanafunzi wa Garba Tulla au Merti, aghalabu hiyo ndiyo mara ya pekee anapoiona tamthilia ya Kiswahili ikiwa na miili na sauti.

Katika shule hizo hakuna jukwaa. Kuna bwalo la chakula. Meza huunganishwa zikawa jukwaa, na blanketi mbili za bwenini zikawa pazia. Jua huingia kwa madirisha yote, kwa hiyo giza haliwezekani. Kila palipo na maelekezo ya taa, dada huyu aliweka ngoma. Pigo moja, waigizaji wanaganda. Mapigo mawili, wanatoka. Wanafunzi waliielewa kanuni hiyo bila kuelezwa. Halafu kuna saa. Wapishi wanalihitaji bwalo kabla ya adhuhuri. Siku ya Ijumaa, katika shule zenye Waislamu wengi, mchezo sharti uishe kabla watu hawajaanza kutawadha. Mchezo wa saa mbili na zaidi ulipaswa kuchukua dakika tisini.

Ni nani aliyeamua kipi kiachwe? Nilidhani ni mwelekezi, lakini mwelekezi alikuwa amebaki Nairobi. Aliyeamua ni yeye, pale pale, huku akiitazama saa. Aliwahi kunionyesha nakala yake ya Kigogo. Imechorwa kwa penseli za rangi tatu. Ya kwanza ni ya maneno yasiyoweza kuondolewa, kwa sababu tendo la baadaye linayategemea. Ya pili ni ya yale yanayoweza kufupishwa. Na ya tatu ni ya yale ambayo hadhira ya Isiolo huyacheka kiasi cha kumlazimu mwigizaji kungoja. Nimesoma tasnifu kadhaa kuhusu msuko wa tamthilia za Kiswahili, na sikumbuki hata moja iliyoingia ndani ya mfupa wa mchezo kuliko pambizo zile. Kwa hakika ule ni uhakiki, ila umeandikwa na mtu aliyekuwa na dakika tisini.

Nimesema kwamba msimamizi wa jukwaa hashughulikii maneno bali nafasi na wakati. Tukiitazama historia ya tamthilia nchini Kenya kwa jicho hilo, inabadilika sura. Mwaka 1976, The Trial of Dedan Kimathi ya Ngugi wa Thiong'o na Micere Githae Mugo, ambayo baadaye ilitafsiriwa kwa Kiswahili ikaitwa Mzalendo Kimathi, iliwahusisha wasanii katika mvutano mkali na Jumba la Michezo la Taifa kuhusu siku za kuonyeshwa. Mwaka 1977, Ngaahika Ndeenda iliyoigizwa na wanakijiji wa Kamiriithu ilinyang'anywa leseni mwezi Novemba, na Ngugi akatiwa kizuizini mwisho wa mwaka. Machi 1982, ukumbi wa wazi ambao wanakijiji hao waliujenga kwa mikono yao ulibomolewa. Katika visa vyote vitatu kilichoshikwa ni kalenda, leseni na kiwanja. Hizo ndizo mali za msimamizi wa jukwaa, na dola ilizijua thamani yake kabla wahakiki hatujazijua.

Isiolo ilikuwa na sababu zake za ziada za kulijua jambo hili. Sheria za hali ya hatari zilizowekwa kaskazini mwa Kenya Desemba 1963 zilizigusa wilaya hizi hadi zilipofutwa mwaka 1991, na kwa miongo mingi lami iliishia hapa hapa mjini. Zile kilomita zipatazo 500 za kwenda Moyale zilikamilishwa katika miaka ya 2010. Mahali palipofungiwa njia kwa muda mrefu namna hiyo, kumfikisha mwigizaji kwa hadhira yake ni kazi ya sanaa kabla hajafungua kinywa.

Machi 2020 shule zilifungwa kwa sababu ya korona. Kikundi kilisambaratika, maleba yakauzwa, na dada yetu akarudi Isiolo, ambako alichukua afisi ya kikundi kidogo cha sanaa za kijamii. Sasa kazi yake ni barua, bajeti, vibali na mikutano. Wenzake wa zamani walisema ameacha sanaa. Sikubaliani nao. Mwaka 1966 Okot p'Bitek alichapisha Song of Lawino, na mwaka huo huo akawa mkurugenzi wa Jumba la Michezo la Taifa la Uganda, baada ya kuandaa tamasha huko Gulu. Utenzi ule tumeuandikia makala yasiyohesabika. Kuhusu ukurugenzi wake, uliokatizwa mwaka 1968, tumeandika machache mno, utadhani aliyekalia kiti kile alikuwa mtu mwingine.

Kazi ya afisi ina magumu ambayo jukwaa halikumfunza. Katiba ya mwaka 2010 iliwapa magatuzi jukumu la utamaduni. Katika Jadwali la Nne zimetajwa sinema, video, maktaba na makavazi, pamoja na kamari na leseni za pombe. Tamthilia haikutajwa kwa jina; ni sharti ijibanze chini ya maneno mapana ya shughuli za utamaduni. Kila msimu wa bajeti inambidi aeleze upya kwa nini mchezo wa kuigiza ustahili fungu, na kila msimu huulizwa mchezo huo una ujumbe gani.

Hapo ndipo tunapokosana, mimi naye. Fomu za wafadhili huuliza idadi ya watu waliofikiwa na tabia iliyobadilika. Kwa hiyo michezo inayopita afisini mwake ni ya chanjo, ukame na amani baina ya jamii zinazogombea malisho. Nimetazama mitatu. Katika yote nilijua mwisho kabla ya katikati, na hilo ni kosa la kisanaa ambalo wema wa dhamira hauwezi kulifidia. Nilipomwambia hivyo hakukasirika.

"Mwalimu," alinijibu, "wewe unataka mchezo mzuri. Mimi nataka mahali ambapo mchezo mzuri ukija utakuta watu wameshazoea kukaa."

"Na ukichelewa, dada?"

"Nitawakalisha kwa huu mbaya."

Sijashawishika. Hadhira iliyolelewa kwa mahubiri huenda ikakosa subira siku itakapoletewa kitu kisichohubiri. Lakini nakiri kwamba hoja yake ni ya mtu anayefikiri kwa miaka, ilhali yangu ni ya mtu anayefikiri kwa onyesho moja. Na katika michezo yake ya chanjo nimeona Waborana, Waturkana, Wasomali na Wameru wakicheka kwa wakati mmoja katika Kiswahili cha Isiolo, ambacho wanaisimu wetu nao hawajakishughulikia ipasavyo.

Wanafunzi wetu wawili wa uzamili wameanza kunakili pambizo za nakala zake, pamoja na madaftari ya safari yenye orodha za vifaa, nauli na saa za kuanza. Ameruhusu, kwa sharti kwamba nakala ya Kigogo irudishwe kabla ya muhula kwisha, kwani anakusudia kuitumia tena. Mkutubi ameuliza kama kumbukumbu hizo ziwekwe kwenye rafu ya tamthilia au ya usimamizi. Idara ilijadili swali hilo kwa saa nzima na ikaahirisha uamuzi.