Lángara wa Boedo

Kabla sijamwona Isidro Lángara akifunga goli, nilimwona akiwa amezuiwa kucheza. Ilikuwa mwaka 1938, hapa Buenos Aires, nami bado mvulana wa kaptula. Timu ya Wabaski ilikuwa imefika mjini, na baba, ambaye alikuwa Mbaski muuza maziwa kama walivyokuwa wengi wa kabila lake enzi hizo, alinishika mkono akanipeleka kuwatazama. Nilitarajia jezi na mpira. Nikakuta wanaume waliovaa suti, wameketi kwenye chama cha Wabaski, Laurak Bat, wakivuta sigara na kungoja barua. Upande wa Jenerali Franco katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Hispania ulikuwa umelalamika kwa FIFA, na FIFA ikakataza timu yoyote isicheze nao. Wakasubiri hadi wakachoka, wakaondoka zao kwenda Chile.

Baba alinieleza njiani habari ambayo baadaye niliisoma vitabuni na kukuta kwamba hakutia chumvi. Rais wa serikali ya Wabaski, José Antonio Aguirre, mwenyewe alikuwa amewahi kuchezea Athletic ya Bilbao. Vita vilipopamba moto alikusanya wachezaji bora wa kwao, akawatuma Ulaya wakachangishe fedha na wautangazie ulimwengu kwamba Wabaski wapo. Mechi ya kwanza ilichezwa Paris, Aprili 26, 1937, dhidi ya Racing. Wakashinda 3–0. Alasiri hiyohiyo ndege za Ujerumani na Italia ziliuteketeza mji wa Guernica. Mwezi Juni, wakiwa mashariki ya Ulaya, Bilbao nayo ikatekwa. Tangu hapo timu haikuwa na nyumbani pa kurudi. Ikavuka bahari, ikazunguka, mwishowe ikaomba kuingia ligi ya Meksiko kama klabu, kwa jina la Euzkadi, ikamaliza ya pili msimu wa 1938–39. Kisha ikavunjika, kila mtu akatafuta riziki yake.

Klabu yetu ya San Lorenzo ikachukua wanne: Lángara, Zubieta, Iraragorri na Emilín. River Plate ikampata Cilaurren. Nasema klabu yetu kwa sababu tulikaa mtaa wa Boedo, na aliyezaliwa Boedo hachagui timu. Mwanzilishi wake alikuwa padri, Lorenzo Massa, na kwa ajili ya kanzu nyeusi za mapadri wapinzani walituita Kunguru. Jina lilikuwa la kejeli. Tukalipokea, mpaka leo tunajiita hivyo wenyewe.

Sasa niseme ya Mei 21, 1939. Uwanja wetu wa Gasómetro, pale barabara ya La Plata, ulikuwa wa mbao na vyuma, na watu wakirukaruka ulitetemeka kiasi cha kuwatia wageni hofu. Mgeni wetu siku hiyo alikuwa River. Habari zilienea majukwaani kwamba yule Mbaski ametoka melini juzijuzi tu, hajafanya mazoezi na wenzake, na kwamba miguu yake bado inayumba na mawimbi. Alipoingia uwanjani, watu waliokuwa karibu nasi walicheka. Alikuwa kipande cha mtu, shingo fupi, mapaja mazito, mwendo wa mpakuzi wa mizigo bandarini. Na kweli alizaliwa bandarini, Pasaia, karibu na San Sebastián. Baba hakucheka. Aliivuta kofia yake mbele, akanyamaza.

Mtu yule alifunga magoli manne, yote kabla ya mapumziko. Sitaki kujifanya nayakumbuka moja moja, kwa maana kumbukumbu ya mtoto huchanganya, na nimeyasimulia mno. Ninachokumbuka bila shaka ni namna alivyopiga. Wachezaji wetu walizoea kuupokea mpira, kuutuliza, kuupapasa, kumpiga chenga beki na kumrudia tena ili wamwaibishe vizuri. Lángara hakuwa na muda wa mambo hayo. Mpira ulipomfikia ulikuwa tayari umeshaondoka, kwa mguu wowote uliokuwa karibu, na kipa alisikia kishindo kwanza, akaona baadaye. Mechi ikaisha 4–2. Watu walewale waliocheka walishuka majukwaani wakilitamka jina lake vibaya, kila mmoja kwa namna yake, wakishindana nani alijua tangu mwanzo kwamba huyu ni hatari.

Lakini nilikuwa namtazama baba zaidi. Vita vya Hispania vilikuwa vimetangazwa kwisha Aprili 1, wiki saba tu zilizopita. Tangu siku hiyo nyumbani kwetu redio ilikuwa haifunguliwi. Ndugu zake wawili walikuwa ng'ambo, hajui wako hai au wako wapi. Goli la nne lilipoingia alisimama, akapiga kelele kwa Kibaski, lugha ambayo hakuwahi kuitumia mbele ya watu wa Boedo kwa kuona haya. Mzee mmoja wa Kiitaliano aliyekaa mbele yetu aligeuka akamuuliza, "Bwana, huyu ni ndugu yako?" Baba akajibu, "Ndiyo." Nikamvuta koti: baba, umesema uongo. Akaniambia, "Nyamaza, mwanangu. Leo ni ndugu yangu."

Siku nne baadaye, Mei 25, Lángara alitimiza miaka 27. Ndiyo siku ambayo Argentina huadhimisha Mapinduzi ya Mei, na watani wa Boedo wakasema nchi nzima imepeperusha bendera kwa ajili ya mshambuliaji wetu wa kati.

Mambo yakaenda haraka. Januari 1940 Rais Roberto Ortiz, ambaye naye alikuwa na damu ya Kibaski, alisaini amri ya kuwaruhusu Wabaski waliokimbia vita waingie nchini, na baba akaanza kupokea watu mezani petu. Mwaka huohuo Lángara alifunga magoli 33, akawa mfungaji bora wa ligi, sawa na Benítez Cáceres wa Racing. Sidhani amri ile ilitokana na mpira. Wapo wakubwa waliohangaika ofisini. Ila nilisikia kwa masikio yangu jinsi muuza nyama wetu, aliyekuwa akilalamika kwamba wakimbizi wamejaa mno, alivyobadili maneno kila Jumatatu baada ya ushindi.

Ubingwa wa ligi hakuutwaa nasi hata mara moja. Hilo liliniuma nikiwa kijana na linaniuma hata sasa, maana magoli yake yalipita mia, na timu ilikuwa nzuri. River wa akina Moreno na Pedernera walikuwa bora kidogo, basi. Mwaka 1943 akarudi Meksiko, kwa Real Club España. Huko akawa bingwa, na msimu wa 1945–46 akafunga 40. Kabla ya vita, akiwa Oviedo, alikuwa mfungaji bora wa Hispania miaka mitatu mfululizo, 1934 hadi 1936. Hivyo akaongoza kwa magoli katika ligi za nchi tatu, na hakuna aliyemtangulia kwa hilo.

Watu wakiyasikia hayo husema: alibahatika, alizunguka dunia. Ndugu yangu, hebu piga hesabu. Aliichezea timu ya taifa ya Hispania mechi 12, akaifungia magoli 17. Mechi ya mwisho ilikuwa mwaka 1936, hajafika hata miaka 24. Kombe la Dunia alilicheza mara moja tu, Italia 1934, akaifunga Brazili mara mbili. Lile la 1938 Hispania haikuwepo kwa sababu ya vita. Miaka ambayo mshambuliaji huvuna, yeye aliitumia kuuliza meli ya kesho inaelekea wapi.

Zubieta alibaki. Huyu aliitwa timu ya taifa akiwa na miaka 17, akaja kwetu ni kijana bado, akakaa hadi 1952, akacheza mechi 352 kwa jezi yetu ya nyekundu na bluu. Mwaka 1946 tukawa mabingwa, yeye kiungo, mbele wakiwa Farro, Pontoni na Martino. Mwisho wa mwaka timu ikasafiri Hispania na Ureno, ikaichapa timu ya taifa ya Hispania 7–5, kisha 6–1. Fikiria: Mbaski aliyeondoka kama mkimbizi anarudi akiwa na San Lorenzo, na Wahispania wanasimama kumpigia makofi. Baba aliyakata yale magazeti na kuyaweka ndani ya kabati la vyombo.

Msimu huohuo Lángara alikuwa Oviedo. Alikuwa amerudi, miaka kumi baadaye, mzito zaidi, na bado akafunga. Aliacha kucheza mwaka 1948. Akawa kocha, mwaka 1951 aliipa Unión Española ya Chile ubingwa. Alifariki Andoain, kwao, mwaka 1992.

Uwanja wetu wa Gasómetro ulichezewa mechi ya mwisho Desemba 1979, wakati wa utawala wa kijeshi. Ukabomolewa, na pale kwenye majukwaa ya mbao pakajengwa duka kubwa.

Vijana huniuliza nani alikuwa mshambuliaji wa kati bora kuliko wote waliovaa jezi ya Kunguru. Wananitajia Pontoni kwa ufundi, wananitajia Sanfilippo kwa idadi ya magoli. Wote niliwaona. Namweka Lángara juu yao, na anayebisha aje na hesabu zake, ila akumbuke kuandika pia umri aliokuwa nao mtu huyu alipofukuzwa kwao.