Ukizima Muziki Unabaki Na Nini? Dada Wa Kabanga Na Filamu Ya Mwaka 1915

Kabanga, kule Ngara malori yanakopanga foleni kuvuka kwenda Burundi, kuna dada mmoja simu yake haipumziki. Jamaa waliyeachana anabadilisha namba kila wiki. Asubuhi, "Siwezi kuishi bila wewe." Jioni, "Jana stendi ulikuwa na nani?" Mashoga zake wanamwambia anapendwa huyo, wengine wanautafuta wivu kama huo hawaupati.

Usiku mmoja akakutana na filamu ya bure mtandaoni: Carmen ya Cecil B. DeMille, ya mwaka 1915. Akadhani spika ya simu imekufa. Kumbe enzi hizo waigizaji hawasikiki kabisa. Maneno yanaandikwa kwenye kioo, na muziki unapigwa laivu mle ukumbini.

Kichekesho ni kwamba Carmen ni opera, yaani tamthilia ya kuimba, kazi ya Mfaransa Georges Bizet iliyooneshwa mara ya kwanza Paris mwaka 1875. Na kwenye filamu Carmen mwenyewe ni Geraldine Farrar, staa wa Metropolitan Opera ya New York. Ni sawa na kumwita Khadija Kopa kwenye shughuli halafu umzimie maiki!

Ila hapo ndipo dada aliposhtuka. Kwenye opera, José anapomfuata mwanamke aliyemwacha, muziki ni mtamu mpaka unamwonea huruma yeye. Zima sauti sasa. Unabaki na mwanaume anayemng'ang'ania mtu, mwanamke anakataa, kisu kinatoka. Basi. Mapenzi huyaoni.

Charlie Chaplin naye aliigeuza hadithi hiyo hiyo kuwa komedi. Kwake Carmen anachomwa kisu, halafu wanainuka wote wawili wanacheka, Chaplin anaonesha kisu ni cha bandia. Mtaani hakuna wa kuinuka. Kinachofuata ni kichwa cha habari, "wivu wa mapenzi", utadhani mapenzi ndiyo yaliyoshika kisu.

Kesho yake dada alizisoma zile meseji upya, safari hii bila kuisikia ile sauti ya kubembeleza kichwani. Hakuzifuta. Alimtumia kaka yake zote, kisha wakaongozana mpaka dawati la jinsia, polisi.

Wewe je? Yule anayekwambia hawezi kuishi bila wewe, ukimzimia muziki anabaki nani?