Tabo Ndogo Kwenye Nchi ya Dhahabu

Kwa muda sasa kila ninayekutana naye ananiuliza swali lile lile: "Hicho kigari chako cha tabo bado kinatembea?" Anauliza kama mtu anayemuulizia mgonjwa aliyelazwa wodini. Leo nimeona nijibu mara moja, kwa maandishi, ili nipumzike. Jibu fupi ni ndiyo, kinatembea. Jibu refu linafuata, vuta kiti.

Kwanza tuelewane tunaongelea nini. Ni haya magari madogo yaliyoinuka kidogo, ambayo si saluni na wala si jipu. Utayaona yanapita mjini: Toyota C-HR, Nissan Juke, Volkswagen Tiguan, Suzuki Escudo za miaka ya karibuni. Si yote yana tabo, lakini mengi yapo yenye injini ndogo ya petroli inayosukumiwa hewa. Langu sitalitaja chapa, maana hapa Shinyanga ugomvi wa chapa za magari unakaribia ule wa Simba na Yanga. Itoshe kusema ni cc 1,400, lina tabo, na lilikuja kwa meli kutoka Japani likiwa limeshazeeka kidogo huko kwao.

Sasa, ukanda huu una sheria zake. Kuanzia Mwadui kwenye almasi, ukipita Kahama na Bulyanhulu mpaka Geita kwenye dhahabu, mtu anapimwa kwa ukubwa wa gari. Mchimbaji akipata mawe mazuri leo, kesho anaulizia Land Cruiser. Mjomba wangu, mfanyabiashara wa mchele pale Kahama, alipofungua boneti yangu kwa mara ya kwanza alicheka mpaka akashika mbavu.

"Mjomba, cc 1,400? Hii si ya kuchotea maji kisimani?"

Nikamwambia mjomba, subiri.

Hizi injini hazikutengenezwa kwa ajili yetu. Wazo lenyewe ni la zamani: Mswisi Alfred Büchi alisajili hataza yake mwaka 1905, ya kutumia moshi unaotoka kwenye injini kuzungusha feni inayoisukumia injini hiyo hiyo hewa zaidi. Kilichozileta kwa wingi kwenye magari madogo ni sheria za hewa chafu. Umoja wa Ulaya uliwawekea watengenezaji kikomo cha wastani wa gramu 130 za kaboni dayoksaidi kwa kilomita ifikapo 2015, kisha gramu 95 kuanzia 2020. Njia mojawapo ya kufika huko ilikuwa kupunguza ukubwa wa injini na kuweka tabo. Wakubwa wanapitisha sheria Brussels, na sisi miaka nane au kumi baadaye tunaipokea bandarini Dar es Salaam ikiwa ndani ya boneti.

Na imetufaa, tusidanganyane. Kwenye kodi, injini iliyozidi cc 1,000 lakini isiyozidi 2,000 inatozwa ushuru wa bidhaa asilimia 5, na ikizidi 2,000 ni asilimia 10. Hapo bado hujaingia kwenye ushuru wa uchakavu, ambao unamsubiri kila anayeleta gari lenye umri wa miaka minane na kuendelea.

Njoo kwenye nguvu. Chukua C-HR ya tabo ya cc 1,200, iliyoingia sokoni Japani mwishoni mwa 2016. Inatoa nyuton mita 185 kuanzia mizunguko 1,500 tu kwa dakika. RAV4 ya lita mbili, ile tunayoiita Kilitaimu, inafikisha nyuton mita 190 hadi 200, lakini mpaka uikanyage ifike mizunguko 4,000. Kwa lugha ya barabarani, ukitaka kulipita lori la pamba lililopakia mpaka angani, kigari cha tabo kinaitika mara moja wakati Kilitaimu bado inapiga kelele.

Halafu kuna jambo ambalo wauzaji wa magari wa Dar hawakuambii, maana wao wako usawa wa bahari. Ziwa Victoria lenyewe liko zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, na Shinyanga na Geita haziko chini ya hapo. Hewa ya huku ni nyepesi kuliko ya Kariakoo kwa zaidi ya asilimia 10. Injini ya kawaida inavuta hewa iliyopo, kwa hiyo ikifika huku imeshapoteza sehemu ya nguvu zake. Tabo inazunguka kasi zaidi na kufidia sehemu kubwa ya upungufu huo. Nilipomweleza mjomba akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Basi hata mimi ningefungwa tabo nipande Kilimanjaro." Teh teh teh.

Kazi ya uandishi wa mkoani ni barabara. Shinyanga hadi Mwanza ni kama kilomita 160 za lami. Zamani kwenda Geita kupitia huko ulikuwa unaikuta foleni ya kivuko pale Kigongo, unakaa kula mahindi ya kuchoma mpaka zamu yako ifike. Tangu Juni 2025 lilipofunguliwa Daraja la J.P. Magufuli, lenye urefu wa kilomita 3, unavuka Kigongo hadi Busisi kwa dakika chache, unaipita Sengerema na kuingia Geita. Na kila mwezi nampeleka mama kliniki ya presha Mwanza. Zamani alikuwa anaamka usiku wa manane kuwahi basi. Siku hizi anaamka, anaswali, anakunywa uji wake, ndipo tunaondoka. Kwangu mimi hiyo ndiyo kazi kubwa ya gari hili, habari zinafuata nyuma.

Sasa tuje kwenye machungu.

Ukiacha lami kuelekea machimboni, iwe Nyarugusu, Rwamgasa au upande wa Kakola, unaingia kwenye vumbi jekundu ambalo halina mfano. Linaingia puani, kwenye daftari, kwenye kamera. Injini ya tabo inavuta hewa nyingi kuliko ukubwa wake, kwa hiyo inakula vumbi zaidi pia. Lile gurudumu dogo ndani ya tabo linaweza kuzunguka zaidi ya mara 200,000 kwa dakika. Punje ya mchanga ikipenya kwenye chujio la hewa inaligonga kama risasi.

Siku moja nikirudi kutoka upande wa Bulyanhulu, nikiwa kwenye kilima, gari likaisha nguvu ghafla. Likawa linatoa mluzi kama wa birika, taa ya injini ikawaka, na nikipiga mafuta haliitiki. Nikajikongoja mpaka Kahama, kwenye gereji moja ambayo jina nalihifadhi. Fundi akachomeka mashine yake ya kupimia. Ikasoma P0299. Hakufungua hata boneti.

"Kaka, tabo imekufa. Andaa milioni mbili na laki nane, tuagize."

Jamani. Mwandishi wa mkoani analipwa kwa habari iliyotoka, na habari nyingine zinatoka gazetini lakini malipo yake hayatoki. Milioni mbili na laki nane kwangu ni miezi mingi. Mjomba akaja pale gereji na hukumu mkononi: "Uza hicho kimeo mjomba, ongezea kidogo, chukua Kilitaimu." Mnunuzi naye alishapatikana, kijana wa mjini pale, kwa bei ya kutupa. Usiku ule nilikuwa nawaza jinsi ya kumwambia mama kwamba mwezi ujao tunarudi kwenye basi la alfajiri.

Kilichoniokoa ni kusoma. Niliitafuta ile P0299 maana yake. Inasema msukumo wa hewa uko chini ya unaotakiwa. Haisemi kwa nini uko chini. Ni sawa na kipimajoto kukwambia mtoto ana homa. Homa ya malaria, ya jino au ya kidonda, hilo ni juu ya daktari.

Asubuhi nikaulizia fundi mwingine, nikaelekezwa kwa kijana aliyewahi kutengeneza mitambo mgodini kabla ya kufungua kibanda chake mwenyewe. Alisikiliza ule mluzi kwa nusu dakika. Akafungua bomba la hewa, akaziba upande mmoja kwa kopo, upande mwingine akaunganisha pampu ya kujazia upepo matairi. Halafu akachukua povu la sabuni, akawa anapaka kwenye mipira yote, kama fundi pancha anavyotafuta tundu. Chini kabisa, kwenye mpira unaotoka tabo kwenda intakula, povu likaanza kuchemka. Mpira ulikuwa umepasuka kwa chini, mahali ambapo jicho halifiki.

"Kaka mwandishi, tabo yako nzima kabisa. Pumzi inavuja njiani."

Akaenda duka la spea za malori, akanunua kipande cha mpira mgumu, akakikata, akakifunga kwa klipu mbili. Mpira, klipu na ufundi: shilingi 85,000. Nikalijaribu gari mpaka Isaka na kurudi, likaitika kama zamani.

Nilimuuliza alijuaje. Akashangaa swali. Akaniambia malori ya mgodini, makatapila, hata jenereta, yote yana tabo, na mpira wa hewa kupasuka ni ugonjwa wa kila wiki. Ndipo nikaona jambo ambalo tumekuwa tukilikosea sana. Tunasema tabo ni teknolojia ngeni, mafundi wake hawapo, spea mpaka Dar. Wakati huo huo tumezungukwa na tabo. Basi la kwenda Dar lina tabo. Lori la pamba lina tabo. Malori makubwa ya Geita Gold Mine yanapanda kutoka shimoni usiku na mchana kwa tabo. Mgodi wa Buzwagi pale Kahama ulipofika mwisho wa uzalishaji mwaka 2021, watu waliozoea mitambo hiyo walibaki na ujuzi wao. Ujuzi upo, ila umekaa upande wa mitambo mikubwa, na sisi wenye vigari tunaendelea kwenda gereji zilizozoea IST na Noah, tukiambiwa kila kitu kimekufa.

Simaanishi kwamba petroli na dizeli ni sawa. Tabo ya petroli inakaa kwenye moshi wa joto kali zaidi, karibu nyuzi 1,000. Nyingi ya injini hizi zinarusha petroli moja kwa moja ndani ya silinda kwa msukumo mkubwa sana, na pampu yake haina subira na mafuta machafu. Petroli ya kwenye chupa ya maji inayouzwa machimboni, mimi hapana. Mnakumbuka enzi za uchakachuaji, mafuta ya taa yakichanganywa kwenye petroli, mpaka 2010 EWURA ikaanza kuweka vinasaba kwenye mafuta na 2011 serikali ikapandisha kodi ya mafuta ya taa. Hali ni afadhali sana, lakini mimi bado najaza kwenye vituo vyenye foleni, ambako mafuta hayalali.

Oili nayo. Huku kwetu tumezoea oili ni oili, alimradi inateleza. Hizi injini zina ugonjwa wao: ukikanyaga sana kwenye mizunguko midogo, mchanganyiko unaweza kulipuka kabla ya wakati wake na kupasua pistoni. Ndiyo sababu Wamarekani wa API walileta daraja la SN Plus mwaka 2018 na SP mwaka 2020, na kinga dhidi ya tatizo hilo ni mojawapo ya vipimo vyake. Angalia herufi hizo kwenye kopo. Mimi namwaga kila kilomita 5,000, na kijiti cha oili nakichomoa kila Jumapili. Chujio la hewa nalikagua kila nikitoka machimboni, na dakika chache za mwisho kabla ya kuzima nakwenda pole pole ili tabo ipoe.

Je, nikushauri ununue? Kama unataka gari la kuweka oili mara moja kwa mwaka na kumkabidhi kila fundi utakayemkuta chini ya mwembe, chukua Kilitaimu, ni gari zuri na halina makuu. Kama uko tayari kulijua gari lako kuliko anayekutajia bei, hiki kigari kinafaa kabisa huku kwetu. Ila kabla ya kulipa, tafuta kwanza fundi. Nenda kaulizie waliotoka migodini, mwonyeshe namba ya injini, msikilize. Akikujibu kwa kukuuliza maswali, shika namba yake ya simu. Akikutajia bei kabla ya kufungua boneti, mpe salamu uondoke.

Mjomba bado ana Prado yake na bado anacheka. Ila mwezi uliopita Prado ilikuwa gereji, akaniomba nimpeleke Geita kudai pesa zake za mchele. Tulipofika Sengerema alikuwa ameshalala usingizi mzito kwenye kiti cha mbele. Sikumwamsha.

Haya, mbaki salama, na mkagua oili.